Nafasi ya Herufi Nne

Kwa mara ya tatu asubuhi ile Kipanya alichapa ukurasa wa kumi na tisa, na kwa mara ya tatu nafasi ilikuwa palepale. Baada ya neno "walihama" palibaki peupe, upana wa herufi nne, kama pengo la jino kwenye kinywa cha mtu anayecheka.

"Dada, nimeishiwa maarifa," alisema. Kipanya alikuwa mpanga kurasa wa shirika la uchapishaji, mtu wa miaka hamsini na ushee. Jina hilo alibandikwa kompyuta zilipoingia ofisini, kwa sababu hakukiachia kipanya cha mashine hata akinywa chai. "Njoo uone mwenyewe. Kwenye skrini maneno yamekaa vizuri, yamebanana. Nikichapa tu, yanaachana. Printa imeingiwa na shetani, au mimi ndiye nimezeeka?"

"Wewe umezeeka siku nyingi. Usiisingizie printa."

Kipanya alicheka. Mama Nukta hakucheka. Yeye ndiye aliyekuwa msoma prufu wa shirika, mkagua makosa kabla kitabu hakijachapwa, na ndivyo alivyoitwa kwa kuwa alisoma kwa sauti kila kilichokuwa kwenye ukurasa, mpaka nukta na mkato. Aliuchukua ule ukurasa, akausogeza dirishani, akaanza kusoma.

"Kabla bwawa halijajengwa mkato wakazi wa bonde walihama..."

Akasita. Si kwamba alisahau. Mahali pale peupe palimdai kitu, na ulimi wake ulikijua. Shingo ilimsisimka kama mtu aliyepumuliwa kwa nyuma. Alipogeuka aliona rafu ya vitabu tu.

"Unaumwa, dada?"

"Kaa chini, mdogo wangu. Hiyo nafasi naijua. Ilikuwepo kwenye toleo la kwanza pia."

Akamweleza. Miaka arobaini iliyopita, vitabu vikipangwa kwa mkono, herufi moja moja za madini ya risasi, Mwalimu mmoja wa historia aliandika kitabu kuhusu bonde lililofunikwa na maji ya bwawa. Aliandika "wakazi wa bonde walihamishwa". Mkurugenzi wa siku hizo aliusoma mswada, akasema neno hilo litawaletea balaa. Akamwagiza msichana mgeni wa kusoma prufu aondoe herufi nne za katikati. Msichana akaziondoa. Fundi wa kupanga herufi, ambaye mama yake alizaliwa bondeni, alimtazama akamuuliza, "Umesoma ulichokata?" Fundi akazing'oa herufi, lakini baada ya neno akatia vipande vinne vya risasi visivyo na alama, na kitabu kikatoka na lile pengo.

"Msichana mwenyewe ndiye wewe," Kipanya alisema taratibu.

"Ndiye mimi. Na hilo si baya zaidi. Watu wa bonde waliposoma kitabu walimwita Mwalimu 'Bwana Walihama'. Walimzomea sokoni. Siku moja akaja hapa, kitabu mkononi, kidole kwenye mstari. Akaniuliza, 'Binti, nani amegusa neno langu?' Nikamwambia ni makosa ya mtambo. Alinishukuru, Kipanya. Akafa na lile jina."

Kipanya aliutazama tena ule mstari. Wote wawili walijua toleo jipya lilikuwa na nini. Safari hii habari za bonde zilisimuliwa na watu wengi: mhandisi wa bwawa, mfinyanzi aliyekulia huko, mjukuu wa mwenye mashamba. Sura ya Mwalimu ilibaki ya kwanza. Ya pili, ya mfinyanzi, ilianza hivi: "Mwalimu wetu alituuza kwa neno moja." Saa nane mchana kurasa zote zingepelekwa kiwandani kuchapwa, na uongo ule ungekaa ndani ya kitabu kilichotengenezwa ili kila mtu asikike.

Mama Nukta alipanda ngazi hadi kwa Mkurugenzi, mtoto wa yule Mkurugenzi wa zamani. Alimjua tangu akiletwa ofisini amebebwa mgongoni.

"Shangazi, tulikubaliana," Mkurugenzi alisema. "Kila upande ubaki na maneno yake. Tukianza kumrekebisha marehemu, tutaishia wapi?"

"Yale si maneno yake, mwanangu. Ni ya baba yako, kwa kalamu yangu."

Mkurugenzi aliweka chini karatasi alizokuwa amezishika. "Una ushahidi?"

"Ushahidi ni mimi."

"Baba hayupo ajitetee."

"Na Mwalimu je, yupo?"

Mkurugenzi alizipanga upya zile karatasi. Hatimaye alisema bila kumtazama, "Andika maelezo chini ya ukurasa. Utie sahihi yako. Jina la baba usilitaje."

"Nitamtaja aliyeshika kalamu. Aliyeamuru utamtaja wewe, siku ukiweza."

Akarudi chini. Kipanya akaandika "walihamishwa", na chini ya ukurasa, kwa herufi ndogo, yakaingia maneno ya Mama Nukta: kwamba Mwalimu aliandika hivi tangu mwanzo, na kwamba yeye alikata, kisha akamdanganya. Mfinyanzi akapigiwa simu, akasomewa. Akaomba asomewe tena. Halafu akasema, "Nipeni dakika kumi nibadilishe mwanzo wangu."

Printa ikatoa ukurasa wa kumi na tisa. Neno lilikuwa zima, mstari umejaa. Mama Nukta aliupitisha kidole, akashusha pumzi aliyokuwa ameibeba miaka arobaini.

"Soma basi," Kipanya alimwambia. "Nataka kusikia."

"Kabla bwawa halijajengwa mkato wakazi wa bonde walihamishwa wakaacha mashamba yao nukta. Wazee walipopeleka malalamiko mkato waliambiwa wasubiri nukta. Baadaye walinyamaza..."

Kidole chake kikasimama.

Baada ya neno hilo palikuwa peupe. Upana wa herufi nne.

"Hapo hapakuwa na nafasi," Kipanya alisema. "Naapa, dada, asubuhi hapakuwa nayo."

Mama Nukta alipatazama kwa muda. Kwa miaka yote hiyo alikumbuka neno moja tu. Moja lilimtosha kukosa usingizi, wala hakuwahi kujiuliza mkono wake ulipita wapi kwingine. Sasa ulimi wake ulikuwa unazijua herufi, zilezile nne, kabla yeye hajazikumbuka.

"Walinyamazishwa," alisema.

Nyuma yake mtu alivuta pumzi, kama mwalimu anayesubiri sentensi inayofuata.

"Kiwandani waambie hatupeleki leo," alimwambia Kipanya. Akavuta kiti karibu na dirisha. "Nichapie kitabu chote, kuanzia ukurasa wa kwanza."