Kisanduku cha Nne

Verna Kubiak alikuwa na sifa moja ambayo hakuna mtu pale ofisini aliyeweza kumnyang'anya: ndiye aliyewafundisha wote kubana nafasi. Kampuni yao ilikuwa ya reli ya mizigo, mjini Buffalo, na kompyuta zake za mwanzo zilijaza chumba kizima huku kumbukumbu yao ikiwa finyu kupindukia. Kila herufi ilipiganiwa.

Kumbukumbu ya kompyuta ni mtaa wa nyumba, kila nyumba na namba yake, na namba hiyo ndiyo anwani. Mashine aliyoanzia Verna mwaka 1957 ilikuwa na nyumba elfu mbili tu. Ile iliyokuja 1966 iliandika anwani kwa visanduku vinne lakini ikasoma vitatu. Cha nne, kile cha mbele kabisa, ilikipita bila kukitazama. Visanduku vitatu vilitosha nyumba milioni kumi na sita, na nani angeota kwamba siku moja zitajaa? Sasa mwambie mwanamke aliyelelewa na mama aliyehifadhi hata kamba za vifurushi kwamba kuna kisanduku kimekaa bure. Verna akakipa kazi. Behewa bovu akaliwekea alama humo, behewa tupu alama nyingine. Wakubwa wakampongeza, wenzake wakaiga, na mbinu ikaenea ofisi nzima.

Miaka ikapita, mambo yakageuka. Kufikia 1983 mabehewa yalikuwa mengi na mtaa hautoshi, ikaletwa mashine mpya yenye kusoma anwani ndefu, kisanduku cha nne kikiwemo. Kilichoitwa werevu sasa kikaitwa uchafu, maana mashine mpya ingeisoma alama kama sehemu ya anwani. Kazi ya kuhamisha programu zote za mabehewa alipewa Leland Strickler, mwanafunzi wa zamani wa Verna, mtu wa miaka arobaini na tisa aliyerukwa kwenye vyeo mara tatu. Safari hii walimpa na ukuu wa kitengo, mradi kazi iende sawa.

Leland akasambaza fomu yenye swali moja. Je, programu yoyote uliyowahi kuiandika inahifadhi kitu kwenye kisanduku cha nne? Jibu ndiyo au hapana, weka saini.

Verna akaandika hapana. Hakukusudia kudanganya. Miaka sita nyuma alikuwa amezisafisha programu zake, au ndivyo alivyoamini, ila hakufungua hata moja kuhakikisha. Wenzake wapya walikuwa wakiucheka uchafu ule wakati wa chakula bila kujua nani aliuasisi, naye hakutaka waje wamkute anapekua makabrasha ya kale. Kiburi si uungwana, lakini waungwana nao huwapata.

Jumamosi asubuhi wakafanya jaribio. Mashine ilikwenda dakika kumi na moja, ikasimama, ikatema karatasi ya kusema imetumwa kwenye nyumba isiyokuwepo. Leland aliisoma anwani ile mara tatu. Verna, aliyesimama nyuma yake na kikombe cha kahawa, aliisoma mara moja. Ilianza na nne na sifuri mahali palipotakiwa sifuri mbili. Nne na sifuri ilikuwa alama yake ya behewa bovu, na aliitambua kama mama anavyotambua kikohozi cha mwanawe.

Akanywa kahawa yake. Bwana Haviland, mkuu wa idara, alishuka kutoka ghorofani akauliza nani aliyethibitisha kwamba programu zote ni safi. Leland akajibu kwamba ni yeye. Haviland hakupandisha sauti. Alimwambia tu kwamba Jumatatu saa nne kuna kikao, aje na jina la programu na jina la mwenye kosa, la sivyo kitengo kitapewa mtu mwingine.

Jumapili Verna alikwenda misa, akarudi, akakaanga pierogi, sambusa za Kipolandi za kabichi, na zikapoa sahanini. Ilikuwa imebaki miezi minane astaafu. Tena alikuwa na pa kujifichia, na alipajua vizuri. Desturi ya ofisi ilikuwa kwamba anayeitengeneza programu mara ya mwisho huandika jina lake juu na kufuta la aliyetangulia. Programu ile ya mabehewa mabovu Leland aliigusa mwaka 1979, mistari sita tu, na tangu hapo ilibeba jina lake. Kwa karatasi, mwenye kosa alikuwa Leland mwenyewe. Verna angenyamaza tu, na dunia ingeendelea kumwita bingwa. Alilala akiwa amekata shauri la kunyamaza, akaamka amejichukia.

Jumatatu alifika saa moja kasoro, theluji ingali viatuni. Leland alikuwa ameshafika. Mbele yake palikuwa na makaratasi ya programu, na mstari mmoja umezungushiwa wino mwekundu. Pembeni ililala fomu ya Verna.

"Umeipata," Verna akasema.

"Jumamosi. Hata gari lako ulikuwa hujaliwasha."

"Mbona hukunipigia simu?"

"Nikuambie nini, mwalimu? Nilikuwa nangoja unipigie wewe."

Verna akavuta kiti lakini hakukaa. Alimwambia Leland kwamba jina lililo juu ya programu halikupaswa kuwa lake.

"Ni langu," Leland akasema. "Nilibadilisha tairi moja nikajiandika mwenye gari. Mjinga gani anafanya hivyo?"

"Wote tulifanya hivyo."

"Basi wote wajinga, na wewe ndiye mama yetu."

Alitabasamu kidogo aliposema hivyo, na tabasamu lile ndilo lililomshinda Verna. Angetukanwa, angejitetea. Aliichukua fomu yake mezani, akaikunja, akaitia mfukoni.

Saa nne Haviland alimgeukia Leland, lakini aliyesimama ni Verna. Alisema programu ni yake, alama ni yake, mbinu yenyewe ni yake tangu 1966, na fomu aliijaza bila kutazama. Mkuu aliuliza kama zipo nyingine za namna ile.

"Sijui," Verna akasema. Katika miaka ishirini na sita ndani ya chumba kile hakuwahi kulitamka neno hilo, na lilimtoka kwa taabu.

Haviland hakuwa mtu mbaya, ila alikuwa na ratiba. Jaribio likasogezwa wiki tatu. Kitengo kikabaki kwa Leland. Bi. Kubiak angestaafu mwisho wa mwezi badala ya Novemba, na siku zilizobaki angezitumia kusoma programu zote za zamani, mstari kwa mstari, kutoa kila alichokuwa amefundisha watu kuweka. Wengine waliinamia madaftari yao, na hakuna aliyecheka.

Mchana ule akakaa kando ya Leland na penseli. Programu ya kwanza ilikuwa na alama nne, ya pili kumi na tisa. Nyingine ziliandikwa na watu waliokwisha kufa, kila mmoja akiwa ameiga mkono wake kwa utiifu kabisa. Aliona fahari na aibu kwa pamoja, machozi yakamdondoka juu ya karatasi, naye akayaacha. Leland akamsogezea leso bila kumtazama.

"Leland," Verna akasema baada ya muda, "nisingesimama leo, ungenitaja?"

Leland aliendelea kukata mstari hadi mwisho ndipo akaweka kalamu chini.

"Sijui," akasema. "Tangu Jumamosi najiuliza. Mke wangu aliniambia nikutaje, nikamjibu nitaona nikifika pale. Nashukuru hukuniacha nifike nikajijua."