Mungu wa Radi Kichwa Chini

Mume wangu alipiga picha za wanyama porini kwa miaka mingi, na kazi hiyo ilimfunza jambo moja tu: kutoingilia. Swala akinasa matopeni, yeye anatazama. Fisi wakimfikia, anasogeza lenzi. Akirudi nyumbani akakuta bomba linavuja, napo anatazama.

Filamu za wanyama zilipokosa wanunuzi, akaangukia kwenye filamu za miungu ya kale. Huko akaboronga. Alijibanza nyuma ya mapazia akiwavizia waigizaji, utadhani wangemnusa wakimbie. Hakuthubutu kumwambia mtu arudie, maana chui harudii. Mwongozaji, bwana mdogo anayevaa miwani ya jua hata ndani ya nyumba, akampa onyo la mwisho: mungu wa radi asipotisha leo, kesho mpiga picha asihangaike kuja kazini.

Mungu wa radi mwenyewe alikuwa kaka yangu. Ndevu za katani, kifua cha sponji, tumbo lake mwenyewe. Mimi ndiye niliyempigia debe apate nafasi hiyo, kwa hiyo nilikwenda kumtazama.

Wakampandisha hadi darini kwa kamba. Alipoanza kushuka, roda ya kupitishia kamba ikakwama, kamba moja ikakatika, mungu akageuka kichwa chini miguu juu.

"Mamaa, bega langu! Shemeji, nisaidie! Shemeji!"

Mafundi walikimbilia ngazi. Mume wangu alipiga goti, akatulia tuli, jicho kwenye kamera. Nikamvuta shati.

"Anaumia, wewe! Kamshike!"

"Shh," akaninong'oneza. "Utamshtua."

Picha ilitoka nzuri mno, nakiri huku nikisaga meno. Mwongozaji alipoitazama alivua miwani, akampa mume wangu mkataba wa filamu tatu. Yeye akaja nao hospitalini, anatembea kifua mbele.

Kaka yangu alikuwa amelala, bega limefungwa, nyuzi za katani bado zimeng'ang'ania kidevuni.

"Shemeji," akauliza taratibu, "ulinisikia nilipokuita?"

"Nilikusikia vizuri sana," mume wangu akajibu, macho yanamng'aa. "Ile mara ya pili uso ulikaa kwenye mwanga zaidi. Ndiyo tuliyoichukua."

Kaka yangu akageukia ukutani. Tangu tuoane nimekuwa nikimcheka huyu mwanamume. Siku hiyo nilimwogopa.