Wimbo Haurudiwi kwenye Kitambaa Kimoja

Torcuil Galbraith alizaliwa Glasgow, akajifunza ukubwani lugha yetu ya visiwani huku Uskoti, akafungwa miezi minane kwa kukataa magwanda ya jeshi la London. Alitaka Uskoti ijitawale, na alitaka nyimbo zetu zisife. Kwa nyimbo tulimpa chai. Kwa lile jingine tulimcheka.

Jumatatu ile, siku tatu kabla ya uchaguzi aliokuwa akigombea, alileta mashine yake ya kunasa sauti nyumbani kwa Raonaid. Tulikuwa wanawake kumi na wawili mezani, tunaponda kitambaa cha sufu kilicholoweshwa mkojo uliochacha, maana bila mkojo sufu haishikani. Raonaid, mwenye miaka themanini na sita, akaanzisha wimbo wa mwanamke aliyewaficha ng'ombe wake askari wasiwaone. Beti zake alizijua yeye peke yake. Sisi wengine kazi yetu kuitikia. Ulipoisha, Torcuil akatazama mashine, uso ukampauka. Alikuwa amesahau kubonyeza kitufe.

"Mama, tafadhali, rudia."

Nilitamani kumfinya. Mtu amesoma vitabu vyote hivyo, hajui kwamba wimbo ukirudiwa kwenye kitambaa kilekile, atakayekivaa hamalizi mwaka?

"Nirudie?" Raonaid akasema. "Hili litakuwa koti la mjukuu wangu Iagan, yuko baharini. Unataka nimzike?"

"Basi imba tu, bila kitambaa."

"Bila kitambaa ni kelele. Alhamisi tunaponda cha Beathag. Njoo."

Beathag ndiye mimi.

"Alhamisi ni kura, mama. Natakiwa nizunguke vituoni tangu asubuhi."

"Kazunguke, nani amekushika? Ila kifua changu hakijui kalenda." Akakohoa. Kikohozi kile kilimwanza wakati wa mavuno, na sote tulikuwa tunakihesabu kimoyomoyo.

Alhamisi saa mbili asubuhi Torcuil alikuwa mlangoni kwangu. Watu wa chama chake walipiga simu posta mara mbili wakimtafuta. Mara ya pili walimtukana hata mwenye posta.

"Umekuja?" Raonaid akamuuliza.

"Nimekuja."

"Mjinga wewe. Haya, bonyeza hicho kidude."

Aliuimba wote, beti kumi na tisa, akipumzika kukohoa sisi tukiitikia. Mwishoni, kwenye wimbo wa makofi, ule wa kumchagulia mtu mchumba kwa utani, alimwoza Torcuil kwa mjane mwenye meno mawili, tukacheka hadi kitambaa kikaanguka. Jioni Torcuil akafunga mashine, akakimbilia meli.

Raonaid akanigeukia. "Hicho kituo cha kura kinafungwa saa ngapi?"

"Saa tatu usiku."

"Basi msinawe, tutachelewa."

Maisha yake yote hakuwahi kupiga kura. Tulikwenda vilevile, mikono imelowa hadi viwikoni. Karani alifungua madirisha yote.

Torcuil alishindwa, tena vibaya. Jumapili baada ya misa alikuja kwa Raonaid, kofia mkononi.

"Walipofungua sanduku la kisiwa chenu, wahesabuji waliziba pua," alisema. "Kura kumi na mbili zilinuka mkojo. Zote zangu." Akalia, mtu mzima yule, mbele yetu, nami nikalia naye.

Raonaid hakulia. "Umeshazipata. Uchaguzi ujao usije kuniomba nirudie."

Uchaguzi ujao hakuufikia. Tulimzika wiki mbili kabla ya Krismasi, na baada ya maziko Torcuil akaweka mashine kwenye meza ya marehemu. Tulikaa kumi na mmoja. Sauti ya Raonaid ilipotoka tukaitikia, mikono ikipiga mbao tupu, kikohozi chake kikija palepale tulipokijua. Wimbo ulipoisha, hakuna aliyeinuka.

"Rudisha," nikasema.

Torcuil akanitazama kwa woga. Somo alikuwa amelishika.

"Rudisha tu, mwanangu. Hakuna kitambaa."