Mtoto Analilia Jina

Mzee Boga wa Mwabungo hakuwa mtu wa kununa hovyo. Akinuna, ana sababu, na sababu yenyewe wataisikia mpaka waliokwenda sokoni. Safari hii alinuna siku tisa mfululizo, kwa kuwa Abdulaziz, mwanawe wa kiume wa pekee, alipata mtoto wa kiume akamwita Rayan.

Rayan! Jina alilolikuta kwenye simu akiwa zamu ya mapokezi hotelini Diani. Na jina lipo, halikupotea, limekaa hapo barazani linakunywa uji! Tangu mababu, kifungua mimba wa kiume huchukua jina la babu mzaa baba, na babu mzaa baba ni nani kama si yeye?

"Lakini baba, nani siku hizi aitwaye Boga?" Abdulaziz aliuliza kwa adabu zote. "Shuleni watamtania hadi amalize."

"Mimi ndiye niitwaye Boga," mzee alijibu, "na hakuna aliyenitania."

Alitaniwa miaka sitini na minane, lakini hayo hakuyataja. Kilichomuuma ni kingine. Mabinti zake watano walikuwa wamezalia kwa watu, na watoto wao wakapewa majina ya huko. Huyu wa Abdulaziz ndiye aliyebaki. Akikosa hapa, siku atakayozikwa jina lake litafukiwa naye, na alilipenda jina lake, utani na yote.

Mungu si Athumani. Siku ya kumi mtoto alianza kulia, akalia siku nne usiku na mchana. Zahanati walimpima wakasema hana homa, hana tumbo, ananyonya vizuri, mrudisheni nyumbani. Ndipo akaja Bi Kadzo, dada mkubwa wa Boga, akamwangalia mtoto mara moja tu na kuvua viatu.

"Huyu haumwi. Analilia jina. Mmempa la watu, yeye ataka la kwao."

Dawa ya kilio hicho kila mtu wa pale aliijua. Majina ya ukoo huitwa moja moja mbele ya mtoto, na atakaponyamaza, hapo hapo ndipo jina lake, hata kama kadi ya kliniki yasema vingine. Abdulaziz, ambaye siku hiyo alikuwa amempokea mgeni hotelini kwa kumwambia "lala salama" saa tatu asubuhi, hakubisha. Alisema hata mtoto akiitwa Ukunda yeye radhi, almuradi watu walale.

Boga alikwenda kuchekea nyuma ya nyumba. Alikuwa na siri. Asubuhi moja aliachiwa mtoto ashike, na katika kutafuta moto wa sigara akatikisa kiberiti kusikiliza kama kina njiti. Mtoto akanyamaza ghafla, macho yamemtoka. Mzee akatikisa tena huku akinong'ona "Boga". Kimya. Kwa haki akajaribu na jina la jirani asiyempenda. Kimya vilevile. Basi alijua fika kwamba mtoto hakuchagua jina, amechagua kiberiti. Lakini haki nayo yataka kusaidiwa kidogo, alijiambia, akaenda dukani kununua kiberiti kipya kilichojaa.

Jumamosi asubuhi mkwewe alifika kutoka mashambani Shimba Hills. Huyu ni Mzee Muasya, Mkamba, babake Mbinya mama wa mtoto, na alikuja na jogoo na nusu gunia la mbaazi.

"Kwetu mtoto anapewa jina siku ya tatu, maneno inaisha," alisema kabla hajakaa. "Na jina ni ya baba ya baba. Sasa hapa kesi iko wapi?"

Boga alimpenda papo hapo. Alimpisha kiti chake kizuri, jambo ambalo hakuwahi kumfanyia hata imamu.

Bi Kadzo aliketi mkekani, mtoto mapajani anapiga makelele. Boga alisimama nyuma yake, mkono mfukoni, kidole kimegusa kiberiti. Kazi ilikuwa ndogo: lisubiriwe jina, kitikiswe kidogo, vipigwe vigelegele. Kitu kimoja tu hakukifikiria. Dada yake hakuanza na walio hai. Alianza na marehemu.

"Kitsao!" aliita Bi Kadzo. Mtoto alilia.

"Kaingu!" Alilia zaidi. Huyo Kaingu alikuwa mkorofi tangu uhai wake, hakuna aliyeshangaa.

"Abdulwahab!" Mtoto alicheua maziwa.

"Kucheua nako ni kukubali?" aliuliza Muasya. Bi Kadzo alimtazama kwa namna iliyomfanya aanze kuhesabu mbaazi zake.

"Shutu!"

Boga alishtuka. Shutu alikuwa baba yao. Hakutarajia kulisikia jina hilo, na mkono ulimtetemeka wenyewe mfukoni, njiti zikasema chakacha chakacha.

Mtoto akanyamaza.

Bi Kadzo alipiga kigelegele kilichomtoa jogoo mbio. Mbinya alicheka huku machozi yakimtoka, na Abdulaziz alijilaza sakafuni pale pale kama mtu aliyepata likizo. Boga alifungua kinywa aseme ngojeni, yule hakunyamazia jina. Angeendeleaje? Wangemuuliza amejuaje, na mfukoni mna nini.

Tena kulikuwa na jingine. Abdulaziz alipozaliwa, jina lake lilikuwa liwe Shutu, na mzee Shutu alikuwa amekaa tayari barazani, kavaa kanzu yake nzuri, angoja kuitwa amwone somo wake, mwenye jina lake. Wiki hiyo hiyo tajiri mmoja wa Ukunda, Abdulaziz jina lake, alitangaza kwamba atakayempa mtoto jina lake atapata baiskeli. Boga alitaka baiskeli. Ikaja haina mnyororo. Mzee Shutu hakugomba. Aliishi miaka minne zaidi akimwita mjukuu wake "wee kijana", akaondoka duniani bila somo. Na yeye Boga ndiye aliyenuna siku tisa! Aliona haya mpaka masikio yakamwasha.

"Haya, kaka," Bi Kadzo alimwita. "Mwenye jina la babako ni babako. Mwamkie."

Magoti yalilia kabla hayajafika mkekani. "Shikamoo, baba."

Mtoto alimkodolea macho. Bi Kadzo akamjibia kwa sauti nzito ya marehemu. "Marahaba, mwanangu. Baiskeli haijambo?"

Nyumba nzima ilicheka, hata Muasya ambaye hakujua baiskeli gani. Boga alicheka pia, halafu akaona kanzu yake imelowa kifuani, na mtoto bado alikuwa kwa Bi Kadzo.

Kicheko hakijaisha, mtoto akaanza tena, kwa nguvu zilezile. Abdulaziz aliinuka sakafuni ameshika kichwa.

"Amekataa!" alipiga kelele Muasya, amesimama juu. "Endelea, mama, endelea! Bado ya mkwe!"

Bi Kadzo alimgeukia nduguye, na safari hii hakuwa na mzaha. "Kweli limebaki lako. Niliite?"

Wote walimtazama. Mkono wake ulikuwa tayari umerudi mfukoni bila kutumwa. Aliutoa mtupu, akamchukua mtoto, akamweka begani.

"Usiliite," alisema. "Hii ni njaa tu. Mbinya mwanangu, njoo umpe baba anyonye. Ameshasubiri vya kutosha."