Nta Katika Jina la Kaisari

Krisanto, msimamizi wa milango ya ikulu, alikuja asubuhi chini ya tao letu na walinzi wawili, akasema Kaisari amekufa. Alilisema kama mtu anayeagiza mkate.

"Jina lake liondoke hapo juu kabla ya saa sita. Baraza la Seneti limeamua."

"Barua ya Baraza iko wapi?" nilimuuliza kutoka juu ya jukwaa la kazi.

"Tadio, wewe ni mchonga herufi au wakili?" Akaenda zake.

Tukabaki kutazamana, mimi na Hilaro, shemeji yangu, mume wa dada yangu Tadia. Tao lilisimama mbele ya lango la ikulu, juu ya kilima cha Palatino, na jina lile tulilichonga sisi wenyewe, miezi minne ya kula vumbi, kila herufi ndefu kuliko mkono wangu. Kaisari alitaka lisomeke hadi sokoni kule bondeni, ili hata muuza samaki akiinua kichwa ajue anatazamwa na nani. Ndani ya ikulu mambo yalikuwa mabaya zaidi. Kuta za ukumbi wake mrefu alituamuru tuzisugue mpaka ziakisi sura ya mtu, apate kumwona aliye nyuma ya mgongo wake. Mtu anayejenga namna hiyo, ukiambiwa amekufa, unauliza mara mbili.

Tena alikwisha kufa mara moja. Mwaka jana uvumi ulitoka ikuluni hivihivi, wapiga plasta watatu wakafungua mtungi wa divai kushangilia, na kabla hawajaumaliza Kaisari akatokea roshanini mzima wa afya. Wale watatu hatukuwaona tena.

"Tulifute," Hilaro alisema, tindo tayari mkononi.

"Na kama yu hai?"

"Na kama amekufa kweli? Wakilikuta jina lipo watasema sisi ni watu wake."

"Mbona una haraka hivyo, shemeji?"

"Kwa sababu nina shingo moja. Wewe unazo ngapi?"

Alicheka. Mimi sikucheka. Mara mbili mwezi ule nilimwona Hilaro akinong'ona na Krisanto kwenye mlango wa jiko la ikulu, na mara zote mbili walinyamaza niliposogea. Siku zile Roma ilijaa watu waliokuwa wakiishi kwa kutaja majina ya wenzao. Nilimtazama mume wa dada yangu ameshika tindo, nikajiambia: huyu anataka nipige pigo la kwanza, kisha akanitaje.

Ndipo nikatoa shauri langu. Katika kazi yetu, jiwe likiwa na ufa au kishimo tunakijaza nta iliyochanganywa na unga wa marumaru, tunasugua, na mnunuzi haoni kitu mpaka aufikishe mzigo kwake. Kila fundi wa mawe wa Roma anaijua dawa hii, na kila mmoja atakuapia hajawahi kuitumia.

"Tujaze herufi nta," nilisema. "Akiwa amekufa, jina halipo. Akiwa hai, tunaikwangua, tunasema tulikuwa tunazikinga na vumbi."

"Na jua je, Tadio? Hapa mchana panachoma."

"Jua halina habari na siasa."

"Wewe kichwa chako kigumu kuliko hili jiwe," alisema, lakini aliweka tindo chini, akawasha moto wa kuyeyushia nta.

Krisanto alipita kabla ya saa sita, akatazama juu, akaona marumaru tupu, akaridhika. Tukashuka kwenda kula kunde kwenye kibanda cha supu mteremkoni. Hilaro alimaliza haraka, akasema anarudi kuangalia jukwaa. Nikabaki na bakuli langu, nikijiuliza jukwaa lina nini cha kuangaliwa.

Mara nikasikia kelele zikipanda kutoka bondeni. Watu walikuwa wanaangusha sanamu, wanavuta vichwa vya shaba kwa kamba. Basi Kaisari alikuwa amekufa kweli, safari hii bila mzaha. Nilipanda kilima mbio huku pumzi zikiniishia.

Nta ilikuwa imeyeyuka. Ilitiririka ukutani mistari mistari, na jina la Kaisari lilikuwa limerudi lote, herufi kwa herufi, linang'aa kwa mafuta. Chini yake alisimama akida wa askari na watu wake wanane. Hilaro alikuwa mbele yake, anazungumza kwa sauti ya chini, kidole kimeelekea juu. Halafu akageuka, akaniona, akanipungia mkono.

Nilijua ananiita kwenye kifo changu.

"Ni yeye!" nilipiga kelele. "Nta ni yake! Mimi nilitaka kulifuta, yeye akakataa!"

Askari walimrukia Hilaro. Wakamkamata mikono. Hakusema neno moja juu yangu, na walimpa nafasi ya kusema.

Walipokwisha kumchukua, akida alinikabidhi tindo nipande nikalifute jina. "Ajabu," alisema. "Mwenzako alikuwa ananieleza kwamba jiwe hili lilitoka machimboni bovu, likipigwa tindo litapasuka, ndiyo maana mliziba jina kwa nta, na jua limeharibu kazi yenu. Alisema shemeji yake ndiye fundi mkubwa, atanieleza vizuri. Nami nilikuwa nimeshamwamini."

Nilipanda. Nilipiga jina lile mpaka viganja vikatoka damu, na kila nilipoangalia chini nilitamani jukwaa livunjike.

Tadia alikuja alasiri amefunika kichwa, anakimbia. Habari ilikuwa imemfikia kwa majirani.

"Kaka, nani? Nani alimtaja mume wangu?"

"Sijui," nilisema. "Watu wamejaa hapa."

Alilia amejiegemeza kifuani pangu, vumbi la jina likimwingia nyweleni. Kisha akanishika mkono uliokuwa na tindo, akaubusu.

"Sasa watatutafuta sisi jamaa zake. Usimwambie mtu tunalala wapi," alisema. "Nimebaki na wewe tu wa kumwamini."