Kisima cha Dunda na Hesabu za Hajra

Maji ya kisima cha msikiti yalianza kukolea chumvi baada ya Idi Kubwa. Kwanza walilalamika wauza chai, wakafuata wenye shinikizo la damu, mwisho mtaa mzima pale Dunda. Mzee Abdillah, mwenyekiti wa kamati ya kisima, hakuhangaika sana. Mwenyeji mmoja aliyehamia Maskati alikuwa ameshawatumia pampu kubwa, na fundi yuko tayari kukichimba kisima kiende chini zaidi.

Aliyehangaika ni Hajra, binti wa marehemu kaka yake, mwalimu wa hisabati wa sekondari. Hajra alirudi kutoka chuo kikuu na sanduku la vitabu vinavyofundisha namna ya kuitumia kompyuta kukokotoa milinganyo ya vitu vinavyobadilika: joto linavyosambaa kwenye chuma, maji yanavyopenya mchangani. Mama yake, Bimdogo, alikuwa akimwambia avigawe, maana wanafunzi wa kidato cha pili hawavisomi na kabati limejaa. Hajra alikuwa akiitikia, na vitabu vikabaki palepale.

Alijua kwamba chini ya maji matamu ya kisima yamelala maji ya bahari, mazito zaidi, na kwamba ukivuta kwa nguvu yale ya chini hupanda. Asichokijua ni kasi yake. Akamwomba ami yake amsubiri mpaka mkutano wa kamati, Ijumaa, na mzee akakubali.

Kila alipotoka shule Hajra alipima chumvi kwa kifaa cha maabara, kisha akakaa na kompyuta. Aliigawa ardhi ya chini ya kisima tabaka kwa tabaka, akaugawa na muda hatua kwa hatua, kompyuta ikawa inahesabu chumvi ya kila tabaka katika kila hatua. Mwanzoni namba zilikwenda vizuri. Kwa kutaka uhakika zaidi, akayafanya matabaka kuwa membamba, na hapo mambo yakaharibika. Tabaka moja lilikuwa na chumvi nyingi kuliko bahari yenyewe, na la jirani yake lina chumvi chini ya sifuri, kitu kisichowezekana. Aliyakagua maandishi yake yote, asione kosa. Ijumaa ikafika.

Kwenye baraza la madrasa, mbele ya kamati nzima, Hajra alisema bado hajui. Mtu mmoja akauliza kwa upole, sasa vitabu vyote vile ni vya nini. Mzee Abdillah akatangaza kuwa fundi ataanza Jumatatu.

Hajra alirudi nyumbani uso umemshuka. Bimdogo alimwekea chakula. Mchana ule Hajra alitoa kitabu kimoja kabatini, na safari hii hakutafuta kanuni ya kunakili. Alianza mwanzo wa sura ambayo chuoni aliiruka kwa sababu haikutoka kwenye mtihani. Humo alikuta kwamba ukiyafanya matabaka kuwa membamba, hatua ya muda nayo lazima uifupishe, tena kwa kiasi kikubwa zaidi, la sivyo kosa dogo kabisa hukua katika kila hatua mpaka likalimeza jibu. Alisoma ukurasa ule tena na tena, akicheka peke yake. Kisha akaifupisha hatua. Kompyuta ilifanya kazi tangu alasiri hadi karibu na magharibi, na namba zikatoka zimetulia.

Asubuhi alikwenda kwa ami yake.

"Shikamoo ami."

"Marahaba, mwanangu. Umepata?"

Alimweleza kwamba pampu kubwa itaivuta bahari ndani ya kisima kabla ya masika, na kukichimba zaidi kutaiharakisha. Pampu ndogo ya zamani waliyo nayo, ikivuta polepole kutwa nzima na kujaza tangi, ingeyapa maji ya chumvi nafasi ya kushuka.

"Unaapa?" aliuliza mzee.

"Siapi. Ardhi ina mambo nisiyoyapima. Lakini ami, pampu kubwa haitaharibika ikikaa stoo, na kisima kikishaingia bahari hatuna la kufanya."

 Mzee Abdillah akampigia fundi simu, akamwambia asije kwanza.

Haikuwa rahisi. Watu walinung'unika kwa foleni ndefu, na chumvi ilishuka taratibu zaidi kuliko Hajra alivyokokotoa, kwa kuwa vuli ilichelewa. Alirudia hesabu akiweka mvua kama ilivyonyesha, na safari hii vipimo na hesabu vikakaribiana. Kufikia masika maji yalinyweka.

Jioni moja Mzee Abdillah alikuja kwa shemeji yake Bimdogo, akaketi, akaomba kahawa. Kisha akamgeukia Hajra.

"Nionyeshe unavyofanya. Usinifiche kwa kuwa mimi mzee."

Hajra alichukua karatasi na kumwonyesha kwa kikombe kilichokuwa mbele yake. Kahawa ni ya moto kuliko hewa, kwa hiyo dakika hii inapoteza kiasi fulani cha joto. Toa kiasi hicho. Iliyobaki imepungua moto kidogo kuliko ilivyokuwa mwanzo, basi dakika inayofuata itapoteza pungufu. Alimwandikia hatua ya kwanza, akamsogezea kalamu.

Mzee alivaa miwani. Aliandika, akafuta, akaandika tena, kisha akainua uso.

"Ya tatu nayo ni hivihivi?"

"Hivihivi, ami."

Akainama tena, akaendelea, huku kahawa ikipoa.