Ngumi ya Babu Thabit

Babu Thabit alizaliwa Samuel Garside, Mwingereza wa mji wa viwanda uitwao Cawdale, na kabla hajawa babu yetu alikuwa golikipa. Alisilimu Unguja alipokuwa fundi mitambo pamoja na babu yangu mzaa baba, akahamia nyumbani kwetu na hakuondoka tena. Mwaka sitini na nne tulipokimbilia Maskati alikuja na sisi, maana hakuwa na kwingine. Sisi wenye asili ya Oman, tulioambiwa tunarudi kwetu, tulihojiwa bandarini siku tatu. Yeye alipita kwa dakika kumi. Nililisema hilo kwa sauti, mama akanifinya.

Nilikuwa na cheti cha ualimu, na Maskati hakukuwa na skuli hata moja ya wasichana. Basi cheti kikafunika mtungi wa maji, na mimi nikawa macho ya Babu, kwani ya kwake yalikwisha kuzibwa na mtoto wa jicho. Nilimsomea, nilimwandikia, na nilisikiliza habari za mpira mpaka zikanitoka puani.

Alianza kudaka mwaka 1904, kavaa sweta zito la sufu na kofia. Siku hizo kipa aliruhusiwa kuushika mpira popote katika nusu yake ya uwanja, na Babu alisifika kwa kutoka mbio mpaka karibu na mstari wa kati na kuupiga ngumi. Watu walikuja uwanjani kumwona akitoka. Vidole sita vilimvunjika miaka hiyo, vikaunga vibaya, na hata kikombe cha kahawa alikishika kwa viganja.

Mwaka 1909, Jumamosi moja ya mvua, alitoka kama kawaida yake. Ngumi ikaukosa mpira, ikampata kipajini mshambuliaji wa miaka kumi na tisa aitwaye Wilf Ackroyd. Babu akamwinamia matopeni. Kijana alikufa kabla machela haijafika.

Ikaamuliwa kuwa ni ajali. Babu akadaka miaka mitatu zaidi, lakini hakuthubutu tena kuliacha goli. Kisha mwaka 1912 sheria ikabadilishwa, makipa wote wakazuiwa kutumia mikono nje ya eneo lao.

"Pale mtaani walisema sheria imetungwa kwa ajili yangu," aliniambia. "Uwongo mtupu. Lakini mimi nilipenda kuamini."

Akaacha mpira, akapanda meli kwenda kuchochea makaa, na meli ndiyo iliyomleta Unguja.

Waliomsilimisha walimfundisha kwamba Mungu husamehe haki Yake, ama haki ya mja haisameheki mpaka asamehe mwenyewe, au warithi wake. Wengi wetu tumelisikia hilo tangu chuo cha Kurani tukalala nalo. Babu lilimkosesha usingizi. Kifua kilipoanza kumbana, mwanzo wa mwaka sitini na sita, alinitaka nimwandikie dada wa marehemu, Edith Ackroyd, kupitia kanisa alikozikwa yule kijana.

"Muombe radhi tu," alisema. "Akijibu, nna jambo la kumwambia. Mwenyewe, si mtu mwingine."

"Jambo gani, Babu?"

"We Kheiria, nshasema mwenyewe."

Tukapeleka barua mbili. Kila meli ya barua ilipoingia, kaka yangu Mahfoudh aliuvuka mlima kutoka Matrah, tulikokaa, mpaka posta ya Maskati, na kila aliporudi mikono mitupu Babu alimuuliza, "Umetazama vizuri?" Miezi mitano ilikuwa hivyo. Nikamchukia huyo Edith. Mwanamke gani, nilisema, anamwacha mzee wa miaka themanini aning'inie roho juu kwa ajili ya karatasi moja?

Siku Babu aliposhindwa kumeza hata uji, nilikaa kitandani pake na barua ya binamu yetu Rahila kutoka Misri, nikaifungua karibu na sikio lake ili asikie karatasi. Nikasoma kwa Kiingereza, kwa sauti ya kizee, maneno ambayo hayakuandikwa popote: kwamba Edith amemsamehe, yeye na ukoo wake, duniani na akhera. Na kwa kuogopa asije akanituma tena nikaumbuka, nikaongeza: usijisumbue kuniandikia.

Akanyoosha viganja kuitaka karatasi.

"Hataki nimwandikie?"

"Hataki, Babu. Kasema upumzike."

"Umetazama vizuri?"

"Vizuri, Babu."

Aliishika ile karatasi kwa viganja vyake mpaka magharibi. Alikufa baada ya siku tisa. Mahfoudh alikuwamo katika waliomwosha, akasema vidole vilikataa kunyooka. Kwenye jeneza imamu akauliza kama kuna mwenye haki kwa marehemu. Hakuna aliyejibu. Mahfoudh alinihadithia hayo kwa furaha, nami nikaenda jikoni nikalia.

Wiki tatu baadaye barua ya Edith ikaja, mwandiko wa mkono unaotetemeka. Kanisa lile lilikwisha kufungwa, barua zetu zilizunguka mpaka kumfikia. Aliandika: *Kaka yangu alikuwa hai ulipomwinamia. Watu walimwona akisema nawe. Mama aliuliza mpaka kufa kwake alisema nini, na hakuna aliyejua ulikokwenda. Niambie neno hilo, Bwana Garside, nami nitakusamehe siku hiyo hiyo.*

Niliisoma mara moja tu. Mchana ule nilikaa na kalamu, na sitaficha, jibu lilinijia lenyewe: kwamba kijana alimtaja mama yake. Edith angeamini. Babu angepata radhi yake. Sauti ya kizee nilikwisha kuijua, na ya Babu ningeiweza.

Nikashindwa. Niliandika kwamba Samuel Garside amefariki, kwamba alikuwa na jambo la kumwambia Edith mwenyewe, na aliyemfunga mdomo ni mimi. Nikaomba radhi mbili, ya Babu na yangu.

Sasa ni mwaka sabini, mwezi wa Novemba. Skuli ya wasichana imefunguliwa, nimekitoa cheti mtungini, nafundisha. Mahfoudh bado ananipitia posta kila wiki. Anaporudi mikono mitupu, ulimi unanitangulia.

"Umetazama vizuri?" namuuliza.